Miaka minane ya udalali Dodoma: swali la "mwenyeji wa wapi?" na jinsi nilivyojikuta nami nabagua

Dalali wa Ilazo

Wakuu, habari za jioni. Huu uzi nimeuandika na kuufuta mara mbili. Safari hii naupandisha kama ulivyo. Ni mrefu, mwenye haraka apite.

Mimi ni dalali wa vyumba hapa Dodoma. Nilianza 2017, mwaka mmoja baada ya Magufuli kutangaza kwamba serikali inahamia huku kweli kweli, maana uamuzi ule wa 1973 wa kuhamishia makao makuu hapa ulikaa kwenye makaratasi zaidi ya miaka arobaini. Siku zile ulikuwa ukisimama Sabasaba na daftari tu, kufika saa sita mchana una wateja wanne. Watumishi wametoka Dar na mabegi, familia wameziacha, wanataka chumba leo hii. Nimezunguka Area C, Kisasa, Nkuhungu, Ilazo, Nzuguni, kote.

Watu wanadhani kazi ya dalali ni kuonyesha nyumba. Nyumba inajionyesha yenyewe. Kazi yetu hasa ni kumchujia mwenye nyumba watu, ili yeye abaki na mikono safi. Kila mwenye nyumba ana masharti yake ambayo hajayaandika popote, ila mimi ninayo kichwani. Huyu hataki wanachuo. Yule hataki mwanamke asiye na mume, "watanijazia wanaume getini". Kuna mzee hataki Wachaga hata kuwasikia, na nyumba ya tano kutoka kwake kuna mama hataki mtu mwingine ila Wachaga, "hao wanalipa". Mzee na mama wanasalimiana kila asubuhi. Wote hawa hakuna aliyewahi kuniambia anambagua mtu. Wanauliza swali moja la heshima kabisa: "Huyo mteja wako mwenyeji wa wapi?"

Sasa kilichonileta. Mwezi uliopita alinipigia binti mmoja, mwalimu, ajira mpya, anatafuta chumba masta. Nilikuwa nacho Ilazo, 120,000 kwa mwezi, kodi ya miezi sita, luku yake mwenyewe, maji ya kuchangia. Binti akasema hela anayo. Nikampigia mama mwenye nyumba nikiwa nimesimama pale pale getini kwake, binti yuko kwenye boda njiani anakuja.

"Mama shikamoo. Mteja amepatikana. Mwalimu, hana mtoto, mpole."
"Marahaba baba. Mwenyeji wa wapi?"
"Wa hapa hapa mama. Kwao Mvumi."

Akanyamaza. Nikasikia mtu anakoroga kitu kwenye sufuria.

"Hapa hapa... Mgogo? Hapana baba. Wewe niletee mtu wa kuja. Hawa wa hapa ukimpa mmoja umewapa wote. Leo yeye, kesho shangazi, keshokutwa bibi amekaa kwenye ngazi anakuomba chumvi. Kuomba kuko kwenye damu yao."

Nikacheka.

Hiyo ndiyo sehemu inayonikosesha usingizi, ndugu zangu. Nilicheka. Kwa sababu mama yule hajui kwamba mimi mwenyewe ni Mgogo wa Mvumi, kijiji kimoja na yule binti. Siku ya kwanza tulipofahamiana aliniuliza mwenyeji wa wapi nikamwambia Morogoro. Nilishajifunza kwamba dalali Mgogo anapewa nyumba za uchochoroni. Binti alipofika nikamwambia, "Dada, samahani, kimechukuliwa sasa hivi." Akashukuru. Akanilipa hata hela ya usumbufu, 5,000, nikaipokea.

Mama yule si mtu mbaya, na hilo ndilo linalonichanganya. Kijana wa bodaboda alipovunjika mguu mtaani kwake, yeye ndiye aliyezunguka na daftari la mchango. Mimi mwenyewe nimekunywa uji kwake mara nyingi tu. (Kuna hela yangu ya fremu hajanimalizia hadi leo, lakini hayo si ya uzi huu.)

Chumba kile kimechukuliwa na kijana wa mkoa mwingine, sitaji. Kabla yake alikuwepo mwingine wa huko huko, alihama usiku ameacha deni la maji la miezi mitatu. Na mama akimsimulia yule, anasema "yule kijana alinifanyia ubaya". Hasemi "wale watu". Nimelifikiria sana hili. Mtu wa kwingine akikosea, kosa ni lake peke yake, anaondoka nalo kama begi. Mgogo akiomba chumvi, ameomba kwa niaba ya mkoa mzima.

Naomba mnijibu wenye ujuzi. Hiki kitu kinaanzia wapi? Maana kwenye mnyororo huu sioni mtu mwenye chuki. Mama anaogopa usumbufu, mimi naogopa kukosa mkate, binti hajui kilichotokea. Na ubaguzi umeshafanyika, umekamilika, watu watatu tumeagana vizuri.

---

Zabibu Kavu

Nimetandika mkeka hapa, ngoja waje wajuzi.

---

Bundi Mchana

Acheni kulialia. Mbona Dar ukisimama kwenye taa, wale kina mama na watoto ukiwauliza wanatoka wapi, jibu ni Dodoma? Au nao tumewasingizia? Lisemwalo lipo, kama halipo laja.

---

Dalali wa Ilazo

Mkuu Bundi, swali lako ni la haki. Nami nakuuliza: kwenye taa umewahi kumwona Mgogo anayepita na gari yake? Umempita mara ngapi? Ila yule hakuangaliwa, kwa kuwa hajabandikwa kabila usoni. Unahesabu wanaokugongea kioo, wanaokupita huwahesabu.

---

Mwalimu Mstaafu

Wajukuu zangu, mbukwenyi.

Nimefundisha historia miaka mingi, nyingi nikiwa Kongwa na Mpwapwa. Mleta mada ameuliza kinaanzia wapi, naomba nirudi nyuma kidogo, mnivumilie.

Karne ya 19 misafara mingi iliyotoka Bagamoyo kwenda Tabora na Ujiji ilipita Ugogo. Kabla ya kufika ilikuwa inavuka nyika ya Marenga Mkali, kavu, hakuna maji. Wakitoka pale wamekauka midomo, wanakuta visima, na visima vina wenyewe. Watemi wa Kigogo walikuwa wanatoza hongo: vitambaa, shanga, nyaya za shaba. Siyo hongo hii ya leo ya chini ya meza. Ilikuwa kodi ya njia na maji, inajulikana, inajadiliwa mchana kweupe, kila mtemi na kiwango chake. Stanley alipita 1871 akimtafuta Livingstone, Mvumi hiyo hiyo ya mleta mada akalipa, na akaondoka analalamika. Wasafiri wa wakati ule waliwaeleza Wagogo hivi: wakali, wajeuri, wakaidi, wanyang'anyi wa njiani. Wapo waliolalamika pia kwamba wanaomba, lakini hilo halikuwa la kwanza.

Angalieni hapo. Watu wale wale, nchi ile ile. Walipokuwa na maji na mikuki, sifa yao kubwa ilikuwa ujeuri.

Kisha ikaja vita ya kwanza ya dunia. Wajerumani wakachukua ng'ombe, wakachukua nafaka, wakachukua wanaume kuwa wapagazi. Julai 1916 majeshi ya Waingereza yakaiteka Dodoma, nayo yakahitaji ng'ombe, nafaka na wapagazi. Ghala likawa limefagiliwa mara mbili. Ndipo mvua zikakata. Njaa ile wazee wetu waliiita Mtunya. Bibi yangu alikuwa akilitaja jina hilo anashusha sauti. Walikufa watu kwa makumi elfu. Waliobaki walitawanyika kutafuta chakula, kazi, ndugu wa mbali, yeyote mwenye kibaba. Nchi hii mvua yake hata mwaka mzuri ni kama milimita 550 hivi, zinashuka Desemba hadi Aprili halafu kimya. Mwaka ukikosea, hakuna wa pili wa kuurekebisha.

Sasa mtu akija 1920 akamkuta Mgogo amenyoosha mkono, na hakuwepo 1916 kuona nani aliyekomba ghala lake, ataandika nini kwenye daftari lake? Ataandika "hawa ni watu wa kuomba". Ameona matokeo, akayaita tabia. Hapo ndipo inapokolea, mjukuu wangu. Mtu anasahau sababu, anabaki na picha.

---

Mke wa Fundi

Mwalimu umenitoa machozi, shikamoo.

Mimi niseme la kwangu. Nilipelekwa Dar kufanya kazi za ndani nikiwa na miaka 15. Aliyenichukua alimwambia mama yangu "mtoto wa Dodoma ndiyo mzuri, hana makuu". Tulikuwa wawili nyumba ile, mimi na dada mmoja wa mkoa mwingine. Yeye alilipwa 60,000, mimi 40,000. Kazi moja, na mimi ndiye niliyekuwa nafua. Siku nilipouliza, bosi wangu wa kike akashangaa kabisa kutoka moyoni: "Kwani kwenu mna nini? Si hapa unakula?"

Hakunitukana. Hakunipiga. Aliona kabisa ananisaidia. Kwenye simu akiongea na shoga zake anasema "nina Kigogo changu hapa kinafanya kazi kweli". Ki. Kama kisahani.

Kwa hiyo mkisema ubaguzi ni chuki, mimi nakataa. Ule ulikuwa 20,000 kila mwezi.

---

Dalali wa Ilazo

Dada, hiyo 20,000 yako imenifungua macho kuliko vyote nilivyowaza mimi. Naomba niiendeleze.

2017 baba yangu mdogo aliuza ekari tatu upande wa Nala. Aliyemletea mnunuzi alikuwa dalali mwenzangu, na nilikuwepo. Mnunuzi anakagua shamba, huku anasema kwa sauti, baba anasikia: "Hawa hawajui thamani ya ardhi, ukimwonyesha pikipiki anakupa shamba." Baba akauza milioni moja na nusu. Leo pale ni viwanja, kimoja tu kinazidi hiyo bei. Na watu mjini wanasimulia kwa kicheko, "Wagogo waliuza mashamba kwa bei ya pikipiki". Kweli waliuza. Lakini nani aliyekuwa na taarifa kwamba barabara inapita wapi? Nani aliyekuwa na ramani? Baba alikuwa na mtoto hospitali. Sifa ya ujinga aliyopewa ilikuwa ni sehemu ya kumshusha bei, kama mnunuzi wa sokoni anavyokwambia nyanya zako zimeoza huku anazichagua.

Nikipiga hesabu zangu za udalali nakuta kila sifa mbaya ya kabila ina mtu inayempunguzia gharama. "Hana makuu" inapunguza mshahara. "Hajui thamani" inapunguza bei ya shamba. "Ataleta ndugu" inampa mama sababu ya kuchagua mpangaji anayeona atalipa bila maneno.

---

Kibo Mpangaji

Naunga mkono ila msijifanye wenyeji ni malaika. Mimi ni Mchaga, nimekuja Dodoma 2019 kikazi. Nimekataliwa nyumba tatu. Moja ya Mgogo kabisa, mzee, aliniangalia jina kwenye kitambulisho akasema "ninyi mkipanga leo, kesho mnataka kununua kiwanja, keshokutwa mmeninunua mimi". Nilitaka chumba tu jamani, hata hela ya kiwanja sina!

Na mtaani kukitokea wizi, wa kwanza kuangaliwa ni "wakuja". Nimekaa hapa miaka yote hii, nimejiandikishia kura hapa, mwanangu kazaliwa hapa. Bado ni wa kuja. Nitaacha lini kuja?

---

Zabibu Kavu

"Nitaacha lini kuja" 😂😂 mkuu pole, lakini hii nimeiba.

---

Farkwa Asilia

Nimewasoma kimya kimya, sasa na mimi niwamwagie maji ya moto.

Mimi ni Msandawe, Farkwa, wilaya ya Chemba. Lugha yetu ina vidoko, ile sauti ya kugonga ulimi. Nilisoma sekondari ya bweni, humu humu mkoani. Kila usiku taa zikizimwa kuna kijana anaanza kugonga ulimi gizani, ta, ta, ta, bweni zima linacheka. Walinipa jina la ndege. Ni nani hao? Hawakuwa watu wa Dar. Walikuwa Wagogo na Warangi, wengine wanaomba mlenda wa ziada jikoni kama mimi. Mzee mmoja wa Kigogo tukiwa kwenye basi aliniuliza, bila ubaya, kama ni kweli kwetu bado tunaishi porini tunakula asali. Basi lilikuwa linatokea kwetu. Alikuwa amepandia kwetu!

Na sisi Wasandawe tusijitie usafi. Kwetu akipotea ng'ombe, kabla hajatafutwa, ameshasemwa Mang'ati. Jina lenyewe Mang'ati si jina lao. Wao wanajiita Wadatoga. "Mang'ati" limetoka kwa Wamaasai, maana yake maadui. Tumemwita mtu adui toka asubuhi hadi jioni, kwenye mnada, kwenye zahanati, mpaka kwenye vikao vya kijiji, halafu tunashangaa anakaa mbali na watu.

Kwa hiyo Dalali, mnyororo wako usiukatie kwa mama wa Ilazo. Unashuka hadi huku chini, na kila mtu anatafuta wa kumkanyaga.

---

Kitabu Wazi

Hapa ndipo ninapoingia mimi, nasoma UDOM, saikolojia, mwaka wa tatu. Farkwa, ulichosema kina jaribio lake.

Kulikuwa na mtafiti anaitwa Henri Tajfel, Myahudi aliyezaliwa Poland. Vita ya pili alikuwa askari wa Ufaransa akatekwa na Wajerumani, akapona, lakini karibu ndugu zake wote waliuawa. Baadaye akiwa Bristol, Uingereza, alitaka kujua: ni kitu gani kidogo kabisa kinachotosha kuwafanya watu wabaguane? Akachukua vijana wa shule wa miaka 14 na 15 wanaofahamiana. Akawaonyesha picha za wachoraji wawili, Klee na Kandinsky, akawaambia wewe uko kundi la huyu, wewe la yule. Ukweli aliwagawa kwa bahati nasibu tu. Hakuna aliyejua nani mwingine yuko kundi lake. Kisha kila mmoja, peke yake, akagawie wengine pointi ambazo mwisho zinakuwa hela. Yeye mwenyewe hapati kitu kwa anachogawa.

Wakapendelea kundi lao. Picha tu! Hakuna njaa, hakuna ardhi, hakuna bibi wa kuomba chumvi. Na kilichonishtua zaidi: walielekea kuwa tayari kundi lao lipate pungufu, mradi lizidi lile lingine. Yaani walivutwa upande wa sisi saba wao moja, kuliko sisi kumi na tisa na wao ishirini na tano.

Ndiyo maana nampa Dalali nusu ya alama. Bei inaeleza nani anafaidi. Lakini mstari wa "sisi" na "wao" ukishachorwa, hata kwa chaki, watu wanaulinda hata kwa hasara. Mama wa Ilazo alishapata hasara ya maji miezi mitatu na bado anauliza "mwenyeji wa wapi".

---

Bundi Mchana

Nasoma. Sijasema nimekubali.

---

Mtani wa Iringa

Jamani jamani, mnataka kutuua utani sasa? Mimi Mhehe, Wagogo ni watani zangu. Nikimwona Mgogo lazima nimuulize bakuli kaliacha wapi. Naye ananiambia nimemfunga mbwa wangu wapi, nisije nikamla, na kamba niitupe nisije nikajinyonga. Tunacheka, tunakunywa soda. Nchi hii imekaa salama kwa sababu ya hivyo vitu. Mkianza kuita kila kitu ubaguzi, mtatuletea ya wenzetu.

---

Mwalimu Mstaafu

Mtani wangu wewe, bakuli nililiacha kwenu, mmelilia nyama ya mbwa.

Hoja yako ni nzito, wala sitaki utani ufe. Lakini utani una kanuni, vijana wengi hawakufundishwa. Kwanza unarudishwa: nikikupiga nawe unanipiga, hapo hapo, mbele za watu, na huruhusiwi kukasirika. Pili una wajibu. Mimi nikifa, watani ndio watakaokuja kulala kaburini waseme halifukiwi mpaka walipwe, wafiwa wacheke katikati ya kilio. Mtani ana kazi ya kukubeba.

Yule binti wa miaka 15 angemrudishia bosi wake neno gani? Angesema nini na bado akapata chakula cha jioni? Neno lile lile la bakuli, likitoka kwako kuja kwangu ni utani, likitoka kwa mwenye nyumba kwenda kwa mpangaji halina njia ya kurudi.

---

Mtani wa Iringa

Mzee umenipata. Hiyo ya njia ya kurudi naichukua.

---

Sheria Mtaani

Naongezea tu upande wangu. Katiba ya 1977, ibara ya 13, inakataza ubaguzi na inataja kabila na pahala mtu alipotokea. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 nayo inamkataza mwajiri, inataja kabila, dini, jinsia, ulemavu, ujauzito, hali ya maisha na mengine. Yule dada wa 40,000, kwa sheria hiyo alikuwa na pa kusemea, ingawa najua mtoto wa miaka 15 aliyefungiwa geti hawezi kujua njia ya kwenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi.

Tena jambo moja watu wamesahau. Sensa yetu iliuliza kabila mara ya mwisho 1967. Serikali iliacha kuuliza kwa makusudi, tujenge taifa. Imebaki mwenye nyumba ndiye anayeendesha sensa ile, getini, chumba kwa chumba.

---

Mke wa Fundi

Na Dalali ndiye karani wake 😅 samahani kaka.

---

Dalali wa Ilazo

Usiombe samahani dada, ndivyo ilivyo.

Kitabu Wazi, nimekuelewa. Nikuulize sasa: hao watafiti walipata dawa? Maana hapa nina watu ishirini wa kuwaonyesha vyumba wiki hii.

---

Kitabu Wazi

Dawa ni neno kubwa mkuu. Kilichoonekana kufanya kazi mara nyingi ni watu kukutana, lakini si kukutana kokote. Bosi na binti wa kazi wanakutana kila siku, mpaka jikoni, na haikusaidia. Inatakiwa mkutane mkiwa sawa, mna jambo moja mnalolifanya pamoja, na wakubwa wenu wanaliunga mkono.

Mfano wangu: mwaka wa kwanza chumba chetu hosteli tulikuwa wanne, kutoka pande nne za nchi. Maji yanatoka usiku wa manane, kwa zamu mtu anaamka kukinga ndoo za wote. Ukilala siku ya zamu yako, watu wanne hawajaoga. Kufika mwezi wa tatu hatukuwa tena na habari ya nani ni wa wapi, tulikuwa na habari ya nani ni mvivu. Mvivu wetu alikuwa mimi.

---

Kibo Mpangaji

Hii ya ndoo ni kweli. Kwetu Nzuguni kilichotuunganisha ni kisima na shilingi mia za ulinzi shirikishi. Yule mzee aliyenikataa chumba ndiye mwenzangu wa zamu ya Jumamosi sasa. Bado ananiita Mchaga, ila anashika tochi ninapokwenda chooni.

---

Dalali wa Ilazo

Wakuu, nimerudi baada ya siku nne. Wengi mmenifuata faragha mkitaka kujua iliishaje.

Yule binti mwalimu nilimtafuta. Nikamwambia ukweli wote, hadi kucheka kwangu. Alinyamaza muda mrefu, nikadhani amekata. Kisha akasema, "Kaka, nilijua. Ulisema kimechukuliwa na pazia lilikuwa halijafungwa." Ameshapata chumba Nzuguni, 100,000, kwa mwenye nyumba ambaye hakumuuliza kitu zaidi ya kama anapika kwa mkaa ndani. Ile 5,000 nilimrudishia, akaipokea, hakusema ahsante, na ni haki yake.

Jana nikaenda kwa mama. Nimekaa, uji umeletwa, nikamwambia, "Mama, mimi si wa Morogoro. Mimi ni Mgogo, kwetu Mvumi. Nilikudanganya tangu siku ile."

Akaniangalia kama ninamtania. Akaweka kijiko chini. Akasema, "Lakini wewe si kama wao, baba. Kwanza miaka yote hii hujawahi kuniomba kitu."

Nikamkumbusha kwamba nimemwomba hela yangu ya fremu mara tatu. Akacheka hadi akashika kifua, akasema ataituma jioni.

Sasa hivi ni saa nne usiku, simu iko hapa mezani.